Mtaa Uliosikika

Siku tuliyopiga kelele ndiyo siku tuliyojimaliza, ila hatukujua. Tulirudi nyumbani tunacheka.

Mwenyekiti wetu wa mtaa, Gervas Mzeru, alikuwa amesimama juu ya jiwe pale njia panda, chini ya nguzo yenye Sikio, ameshika kipaza sauti. Sikio ni bakuli jeusi lenye ukubwa wa sufuria ya wali, na chini yake zimening'inia taa ndogo kama shanga, moja kwa kila mtu mzima wa Mtaa wa Ukungu. Shanga yako ikiwa nyekundu, wewe bado. Ikiwa kijani, umesikika. Serikali ilifunga Masikio kwenye nguzo zote za mtaa baada ya kupita ile sheria mpya, inayosema hakuna mradi utakaoanza mahali kabla kila mkazi hajasikika. Tuliifurahia sheria ile. Mzeru ndiye aliyetusomea mkutanoni, na alipofika kwenye neno "hajasikika" alilirudia, na sisi tukarudia makofi.

"Mmoja mmoja!" alikuwa anaita. "Taja jina lako, kisha waambie hawa wenye Kinu yaliyo moyoni mwako. Usinong'one kama unaungama kwa padri! Paza sauti!"

Watu wakapaza. Mama Mwanahawa wa vitumbua alisogea mbele na mwiko wake mkononi.

"Mimi Mwanahawa! Kinu sikitaki! Anayekitaka akakijenge chumbani kwa mama yake!"

Shanga yake ikageuka kijani na watu wakashangilia kama goli limeingia. Wakafuata wengine, na sufuria, na masinia ya bati, na filimbi ya refa. Kila kijani kilipowaka tulishangilia. Zamu yangu ilipofika nilivua kofia. Mimi nina bucha. Nauza nyama ya ng'ombe sikukuu zikija, siku nyingine nauza ile ya pipa, inayooteshwa kiwandani, na kwa kuwa hakuna anayekuja kununua nyama ya pipa kwa hamu, imebidi nijifunze kuwaita watu. Sauti yangu inajulikana mpaka bondeni.

"Mimi Kobelo!" nikasema. "Hatutaki!"

Kunguru waliruka kwenye mti wa pili.

"Sasa nimejua," Mzeru akasema kwenye kipaza sauti. "Huyu hachinji kwa kisu. Anamwita tu ng'ombe jina, ng'ombe anakufa."

Watu walicheka mpaka wakashikana mabega. Mzeru ni mtani wangu, na tumekaa majirani tangu nilipohamia mlimani. Aliniuguzia mke nikiwa safarini, nikamzikia mama yake.

Kinu chenyewe kilikuwa tayari kimesimama juu ya mtaa, mnara wa vyuma wenye nyavu zilizokunjwa kama mwavuli. Nyavu zikifunguliwa zinavuta ukungu wote wa mlima, unakuwa maji, maji yanashuka kwa bomba mpaka mji mpya wa bondeni. Kinachobaki huku juu ni hewa kavu. Tuliona upande wa pili wa mlima walikoanzia: migomba imekuwa rangi ya karatasi ya kaki, milango ya mbao imepasuka, watoto wanatoka damu puani wakiwa wanacheza.

Wengine walikuwa wanapigania migomba. Mimi nilikuwa napigania kifua cha mke wangu. Leokadia alifanya kazi kiwanda cha saruji kabla mashine hazijachukua kazi zile, na saruji haikutoka naye getini, ilikaa ndani yake. Daktari aliniambia neno moja la maana: mpeleke mahali penye hewa ya majimaji. Ndiyo maana tupo Ukungu. Huku juu anapumua bila mashine. Hapazi sauti, lakini anapumua.

Nilimkuta amekaa mlangoni, mtandio umelowa umande.

"Mmeshinda?" akaniuliza. Sauti yake ilikuwa kama mtu anakunja gazeti.

"Tumeshinda. Shanga zote kijani."

"Na yangu?"

"Yako bado. Moja haina neno."

Asubuhi yake malori yalipanda mlima, yamejaa mabomba.

*

Ofisi ya kata ina afisa anayeitwa Afisa Usikivu. Ni mama wa makamo, Bi. Adventina, ana chupa ya chai mezani na sauti ya mtu aliyezoea kuwatuliza wenye hasira. Nilipoingia nikiwa nimefura, alinimiminia chai kwenye kifuniko cha chupa akanisogezea.

"Mtaa wa Ukungu," akasema. "Hongereni sana. Kuna mitaa inatusumbua, watu hawatoki nje, tunazunguka na Masikio mlango kwa mlango. Ninyi mmejitokeza wenyewe siku moja. Mwenyekiti wenu ana watu."

"Mama, tulijitokeza kusema hatutaki."

"Ndiyo. Mmesikika."

"Sasa malori yanafanya nini?"

"Yanaleta vifaa. Wakazi wakisikika, mradi unaanza. Ndiyo sheria yenyewe."

Nilidhani hajanielewa, nikamwambia pole pole, kama mtu anayemwelekeza mgeni njia. "Tulisema ha-tu-ta-ki. Mmetusikiliza?"

"Baba," akasema, "hilo ni neno lingine."

Niliweka kifuniko cha chai mezani. Nje mtu alikuwa anafagia.

"Sheria ya zamani ndiyo ilisema 'hajasikilizwa'," akaendelea. "Ikaleta kesi zisizoisha. Mtu anasema nilisema lakini hamkunisikiliza. Utapimaje kwamba mtu amesikilizwa? Hakuna chombo. Lakini kusikika kunapimika. Sikio linaitambua sauti ya kila mkazi kutoka kwenye sensa, linapima kama imefika kiwango, basi. Halijali umesema nini. Hata ungeimba."

"Kiwango gani?"

"Sauti ya mtu aliye macho, anayetaka kufika mbali. Mwanzoni hatukuweka kiwango, mtaa mmoja ukasikika kwa kukoroma. Wakaenda mahakamani, wakashinda." Akatabasamu kidogo, kwa haya. "Ndiyo ikawekwa."

Nilikumbuka nilivyopiga makofi siku Mzeru alipotusomea sheria. Mkono ulinichoma kabisa, kama niliyeshika jiko.

"Kwa hiyo tumekwisha."

"Bado mmoja." Akageuza kioo chake nikaona shanga zetu, kijani tupu, na nyekundu moja pembeni. "Leokadia. Huyu ni nani wako?"

"Mke wangu."

"Sauti yake haifiki. Kuleta vifaa ruksa, lakini kufungua nyavu ni mpaka asikike wa mwisho."

"Hana sauti, mama. Ana saruji kifuani."

"Mabubu tunawapokea kwa ishara. Lakini yeye si bubu. Sauti yake ya zamani tunayo, na daktari amekataa kuandika kwamba haitarudi. Anasema inaweza kurudi." Alifunga chupa yake. "Kwa hiyo, baba, tunamsubiri. Apone, au ahame, au Mungu aamue vingine."

Nilitoka pale nikiwa nimechanganyikiwa kati ya kulia na kucheka. Mitambo yote ile, malori, mji mzima wa bondeni, vimekaa vinamsubiri mwanamke asiyeweza kuzima mshumaa kwa pumzi.

Nilikwenda moja kwa moja kwa Mzeru. Nilimkuta anapalilia magimbi. Nikamweleza lile neno, na namna tulivyojipiga wenyewe, na kuhusu Leokadia. Niliongea nimemshika bega.

"Mke wangu ndiye kizuizi, Mzeru! Yule yule unayemtania kuku wa mvua kwa kukosa sauti!"

Hakucheka. Aliegemea jembe akatazama chini.

"Basi shemeji ni wa kutunzwa," akasema.

Mimi nikaona ni maneno ya rafiki.

*

Hazikupita wiki nyingi, Mzeru akaja nyumbani na muuguzi aliyebeba kikopo kidogo cha bati. Alisema parokia ina fungu la wagonjwa, yeye amemwombea shemeji yake, na jina limepita.

Kitu chenyewe kinaitwa vumbi hai. Unavuta puani kama ugoro. Ni vidudu vilivyotengenezwa na watu, vidogo kuliko kitu chochote utakachokiona, vinaingia kwenye mapafu, vinaitafuna saruji punje kwa punje, na unaikohoa nje kama kamasi la kijivu. Muuguzi alimwonyesha Leokadia namna ya kuvuta, kisha akatazama nje kwenye ukungu uliokuwa umekaa mpaka mlangoni.

"Mna bahati," akasema. "Hivi vinaishi kwa unyevu. Mjini wagonjwa wangu wanalala na mashine ya mvuke pembeni, na bado vinakufa, na vikifia ndani ni vibaya kuliko saruji. Hapa kwenu vitakaa miaka."

Nilimkamata jogoo wa kweli, wa miguu na manyoya, nikamchinjia Mzeru. Tulikula wote. Nilimwambia mbele ya mke wangu kwamba ndugu wa tumbo moja asingefanya alichofanya. Akasema, "Acha hizo, mchinjaji, nipe paja."

Vumbi lilifanya kazi. Kwanza Leokadia alikohoa siku nzima, beseni likajaa uji wa saruji. Kisha akaanza kwenda kisimani mwenyewe. Kisha nikamkuta anapanda ngazi za mawe bila kusimama katikati, mkono kiunoni, anajifanya haoni kwamba ninamtazama. Sauti nayo ikaanza kunenepa. Haikuwa gazeti tena, ilikuwa kama mtu anaongea chumba cha pili.

Kabla hajaugua, mke wangu alikuwa na namna yake ya kuniita. Majirani wa kule tulikotoka walimcheka, wanawake wengine huita baba fulani, yeye aliniita kwa jina la ukoo kama mtu anayenidai. Kobelo weee! Kutoka mwanzo wa mtaa mpaka mwisho. Nilikuwa naona aibu zamani. Nikaanza kuisubiri.

Mzeru alipita buchani kila asubuhi.

"Shemeji je?"

"Anapanda ngazi."

"Sauti?"

"Inakuja."

Kesho yake: "Sauti imefika wapi?" Siku nyingine: "Hajaita tu? Si ulisema zamani aliita vizuri?" Siku nyingine aliuliza hata kabla ya kunisalimia. Mimi si mtu wa kufikiri haraka, nakiri, lakini nakata nyama, na mwenye kukata nyama anajua pale kisu kinapogusa mfupa.

"Mzeru," nikamwambia, "kila siku unaniulizia sauti ya mke wangu. Hujawahi kuniulizia kifua chake."

Alikuwa ameshika kipande cha nyama ya pipa. Alikirudisha kwenye mizani.

"Si kitu kimoja?"

"Si kitu kimoja. Siku hizi nimejifunza maneno."

Akatazama nje, akaona hakuna mteja. "Dawa siyo ya parokia," akasema.

"Ya nani?"

"Ya wenye Kinu."

Niliweka kisu chini, mbali na mkono wangu. Ilikuwa busara.

"Na ile siku, juu ya jiwe. Ulijua?"

"Nilijua."

"Tangu lini?"

"Walituita semina, wenyeviti wote. Walitueleza neno kwa neno."

"Ukapanda juu ya jiwe."

"Nikapanda."

"Ukatuambia tupaze sauti. Ukanitania, Mzeru! Ukawachekesha watu juu yangu ili waone raha kupiga kelele!"

"Kobelo, nina wajukuu bondeni. Wanapewa maji kwa kikombe. Umewahi kuona mtoto anaoga kwa kitambaa kibichi na mama yake anakamua kile kitambaa, amwogeshe mwingine? Mimi nimeona. Huku juu ukungu unalala bure kwenye majani. Bure! Ningefanyaje?"

"Ungesema. Ungepanda jiwe ukasema hayo hayo."

"Mngenipiga."

"Tungekupiga. Halafu tungekusikiliza."

Alifuta uso kwa kiganja. Alikuwa amezeeka ghafla, au mimi ndiye nilikuwa simtazami vizuri siku zote.

"Na dawa?" nikauliza.

"Dawa niliiomba mimi. Walitaka kumhamisha mkeo, wamshushe hospitali ya bondeni, huko angesahaulika. Nikawaambia hapana, mtibuni pale pale, apone, asikike kama mtu. Kinu kingekuja tu, Kobelo. Nikaona kije akiwa na mapafu. Kwa hilo nimekutendea wema, hata kama hutaki."

"Muuguzi alisema vile vidudu vinaishi kwa unyevu. Ulikuwepo, umekaa pale, unakula jogoo wangu. Kinu kikivuta ukungu wote, vitaishi kwa nini?"



"Hilo sikuliuliza," akasema.

*

Sasa nisikie mtu ananiambia angefanya nini.

Nikimwachia Leokadia dawa, sauti itarudi yote. Sauti ikirudi, siku moja itamtoka, kwa kuku, kwa nyoka, kwa kicheko, na nyavu zitafunguka, na vidudu vitamfia kifuani. Nikimnyima dawa, saruji itamrudia pole pole, atabaki na sauti yake ya gazeti, na ukungu utabaki. Mke mgonjwa aliye hai, au mke mzima kwa muda. Na mwenyewe haulizwi. Niliwatukana watu wa kata kwa jambo hilo hilo, halafu nikasimama nyuma ya nyumba, mlango wa choo uko wazi, kikopo cha bati kiko mkononi mwangu juu ya shimo.

"Unataka kunitupia pumzi yangu chooni?"

Leokadia alikuwa nyuma yangu. Hakupaza sauti, alisema tu. Lakini kila neno lilikuwa zima.

"Mama, ngoja nikueleze."

"Nieleze ukiwa umekishusha."

Nilikishusha. Nilimweleza yote, tumekaa kwenye gogo la kuni. Lile neno, na semina ya wenyeviti, na wajukuu, na unyevu. Alisikiliza mpaka mwisho bila kunikatiza, na huko ndiko kusikiliza ninakokujua mimi, mtu anakaa na wewe mpaka umalize.

"Miaka yote saruji ndiyo ilininyamazisha," akasema. "Leo wewe."

"Nilitaka uishi."

"Mzeru naye alitaka niishi. Wote mnanitakia maisha, hakuna anayeniuliza." Akanyoosha mkono, nikampa kikopo. Akavuta vumbi, akafunga macho, akasubiri likae. "Sikiliza, Kobelo. Dawa nitavuta, kwa sababu nimechoka kukaa mlangoni. Na nitanyamaza. Mdomo ni wangu, nitaufunga mwenyewe. Wasubiri mpaka vyuma vyao viote kutu."

Ndivyo tulivyoishi. Mke wangu alikuwa na sauti nzima kwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu, na aliibeba kama mtu aliyebeba maji ya moto kichwani. Kuku aliwafukuza kwa kanga. Mimi aliniita kwa kupiga makofi. Mama Mwanahawa aliacha kuja na umbea wake, maana Leokadia akichekeshwa angecheka kwa sauti; alijaribu kuuleta kwa ishara, na umbea wa ishara hauna ladha. Jioni nilimwona anatikisa mabega jikoni. Nilidhani analia. Alikuwa anaimba wimbo wa kanisani, mdomo umefungwa.

Niliwaambia majirani ukweli kuhusu Mzeru. Wengine waliniamini. Wengine walisema nautaka uenyekiti. Mmoja aliniambia, "Lakini yeye ndiye aliyepiga kelele kuliko wote!" 

*

Nilimfuata Mzeru njia panda asubuhi moja ukungu ukiwa umeanza kuinuka. Wenye Kinu walikuwa wamepanga mabomba yao kwenye mteremko, chini kidogo ya nyumba yangu, rundo juu ya rundo, yamezuiwa kwa vigingi vya mti kwenye udongo uliolowa. Mzeru alikuwa amesimama kando ya lile jiwe lake. Mimi nikasimama mbele yake, mgongo kwa mlima.

"Sitaki ugomvi," nikamwambia. "Nataka upande hapo juu, uite watu kama ulivyowaita siku ile, uwaambie ulichoniambia buchani. Chote. Na wajukuu uwataje. Labda wapo watakaokubali nusu ya ukungu iende bondeni. Labda hata mimi. Lakini waambie."

"Watanifukuza mtaani."

"Huenda."

"Nimezaliwa hapa, Kobelo."

"Ndiyo maana wanakuamini. Ulichukua imani hiyo hiyo ukaitumia."

Alikuwa ananitazama usoni. Kisha macho yake yakapanda, yakapita juu ya bega langu, yakakaa huko. Nilidhani anafikiri. Nilidhani, kwa ujinga wangu, kwamba anatazama nyumba yangu, kwamba anamkumbuka shemeji yake na moyo unamlainika. Nikamwachia muda. Nilinyamaza ili mwenzangu afikiri.

"Kobelo! Kobelo weee! Toka! Tokaaa!"

Mwanamume anayeitwa hivyo na mkewe hatafuti sababu. Miguu yangu iliruka kabla ya kichwa. Nilianguka kwenye magimbi, na bomba, refu kuliko nyumba, likapita pale nilipokuwa nimesimama, kimya kimya kwenye tope, halina hata mlio, mpaka lilipogonga jiwe la Mzeru ndipo likalia kama kengele. Yeye alikuwa amesogea pembeni tayari.

Nilikaa pale chini natafuta hewa. Nguzoni juu ya kichwa changu kitu kilifanya tik. Sikuhitaji kuinua macho, lakini niliinua. Shanga zote zilikuwa kijani.

"Mtaa wa Ukungu umesikika," Sikio likasema, kwa sauti ya mama mpole, na Masikio mengine kwenye nguzo za juu yakarudia moja baada ya jingine. "Tunawashukuru wakazi kwa ushirikiano wenu."

Leokadia alikuwa amesimama ukingoni mwa uwanja wetu, mikono yote miwili mdomoni, kama mtu anayejaribu kurudisha kitu ndani. Juu yake, kwenye mnara, nyavu zilianza kufunguka taratibu.

Mzeru alikuja akaninyooshea mkono aninyanyue. Niliutazama ule mkono. 

"Uliliona bomba," nikasema.

"Nililiona."

"Tangu kigingi kinang'oka?"

Aligeuka akatazama rundo la mabomba.

"Una kipaza sauti nyumbani, Mzeru. Una sauti. Wewe ndiye ulitufundisha kupaza."

"Ulimi ulikufa, Kobelo. Wallahi sijui. Sijui kama nilishtuka au nilikuwa namngoja aite. Sijui mwenyewe." Machozi yalikuwa yanamtoka, na nadhani yalikuwa ya kweli. "Ndugu yangu, nisikilize. Nakuomba. Nisikilize tu."

Nilinyanyuka kwa kushika lile jiwe lake. Ukungu ulikuwa unapita katikati yetu kuelekea juu, wote upande mmoja, kama watu waliokuwa wanaitwa.

"Nimekusikia," nikamwambia, nikampa mgongo, nikapanda kwa mke wangu.